Daraja la Kuingia Bure

Wanasema sheria ni msumeno, hukata mbele na hukata nyuma. Aliyeanza kusema hivyo hakuwahi kukwama juu ya daraja la mto Delaware. Pale msumeno una meno upande mmoja tu, na mpini wake wameushika watu wale wale tangu enzi za babu yake Ozella Bracey.

Jumamosi ile, saa nne na nusu asubuhi, Ozella alikuwa amekwama pale pale. Mbele huko lori lilikuwa limemwaga magodoro barabarani, na magari yalisogea kama watu wanaokwenda kulipa kodi. Yeye alikuwa kwenye usukani, mwanamke wa miaka sitini na moja, muuguzi wa kuzungukia wagonjwa majumbani, amevaa nguo nyeusi aliyoinyoosha mara mbili. Alikuwa anatoka kwake Pennsylvania kwenda New Jersey, mji wa Harlan Mills, kumzika kaka yake Junius. Ibada ilikuwa saa sita.

Pembeni yake alikaa shemeji yake, Wendell Gaskin, mume wa marehemu dada yake Cordelia, polisi mstaafu. Kiti cha nyuma kilikaliwa na Shangazi Tempie peke yake, miaka themanini na sita, kofia yake kubwa ikigusa dari ya gari, pai mbili za viazi vitamu mapajani. Mkoba mweusi wa Ozella ulikuwa kando yake.

Hatua mbili mbele ya bampa palikuwa na mstari mweupe uliochorwa barabarani, na kibao cha shaba kwenye chuma cha daraja. Huku Pennsylvania, kule New Jersey. Kuingia New Jersey kwa daraja lile ni bure. Ushuru hutozwa wakati wa kutoka. Watu wa pande zile hutania kwamba serikali haijapata kusema kweli waziwazi namna ile: ingia bure, kutoka ndiko unakolipa.

"Dess," Shangazi Tempie alimwita Ozella kwa jina lake la utotoni, "kile kidude chako nimekutilia mkobani. Ulikisahau kitandani."

"Kidude gani, Shangazi?"

"Kile cha mpini wa rangi ya waridi."

Ozella aliangalia mstari mweupe. Kisha aliangalia kioo, akamwona shangazi yake anarekebisha kofia kwa utulivu wa mtu aliyetenda wema.

"Shangazi. Sikukisahau. Nilikiacha."

"Ulikiacha kitandani, mtu yeyote angeweza kukichukua."

"Nani? Paka?"

Wendell alicheka. Alikuwa na kicheko cha kupandisha mabega, alichokitoa kituo cha polisi pamoja na kiinua mgongo.

Kidude chenyewe kilikuwa bastola ndogo. Ozella aliinunua baada ya kuporwa mara mbili akitoka kwa wagonjwa, mara ya pili wakamvunja mkono kwa sababu ya dawa za maumivu zilizomo kwenye begi lake la kazi. Alikwenda kwenye mafunzo, akachukuliwa alama za vidole, akapewa kibali cha kubeba bastola iliyofichwa, chenye picha yake na muhuri wa wilaya. Kibali halali kabisa, mpaka kwenye mstari mweupe.

Kwenye friji yake Ozella alibandika ramani ya nchi nzima iliyopakwa rangi. Majimbo ya kijani ni yale yanayokitambua kibali chake. Ya manjano yanakitambua kama ametimiza sharti hili na lile. Mekundu hayakitambui. Kila mwaka rangi zilibadilika, naye akabadilisha ramani, kama mkulima anayefuatilia mvua. Leseni yake ya udereva ilikubalika nchi nzima. Cheti cha ndoa ya dada yake kilikubalika nchi nzima, na ndoa yenyewe ilikuwa na Wendell. Hata cheti cha chanjo ya mbwa hakuna aliyekikataa mpakani. Lakini mwanamke yule yule, mwenye alama zile zile za vidole, akivuka mstari ule na bastola ile ile bila kibali cha New Jersey, alikuwa mhalifu wa daraja la pili. Kifungo ambacho hakimu hukianzia kwenye miaka mitatu na nusu. Na leseni ya uuguzi haimsubiri mtu aliyeko jela.

"Kwa nini, Shangazi?" Ozella alishusha sauti, kana kwamba mstari ule una masikio. "Kwa nini ulifanya hivyo?"

"Tunakwenda kuzika."

"Ndiyo, tunakwenda kuzika!"

"Basi. Mwanamke haendi kuzika ugenini mikono mitupu. Tulipomzika baba kule Alabama, mwaka hamsini na saba, mama alikuwa na bastola chini ya Biblia. Wale Wazungu wenye mashuka kichwani walikuja hadi kwenye uzio, wakamtazama mama, mama akawatazama. Wakakumbuka kwamba wameacha chungu motoni."

"Na babu alikuwa na kibali?" aliuliza Wendell, bado anacheka.

Shangazi Tempie alimgeukia polepole, kofia na yote. "Alikwenda kuomba. Mkuu wa polisi wa wilaya akamwambia kibali ni cha mtu anayefaa. Mwaka ule, Wendell, katika wilaya nzima hakupatikana mtu mweusi hata mmoja aliyefaa. Na mwaka uliofuata vilevile. Tulikuwa na uhaba mkubwa wa kufaa."

Wendell aliacha kucheka.

Yeye hakuwa na uhaba huo. Kwenye nyonga yake ya kulia, chini ya koti la mazishi, ilining'inia bastola kubwa nyeusi, na mfukoni mwake mlikuwa na kadi. Sheria ya nchi imesema polisi mstaafu mwenye kadi hiyo hubeba bastola yake jimbo lolote, kijani, manjano au nyekundu, mradi kila mwaka afanye mtihani wa shabaha. Wendell alifaulu kila mwaka. Mwaka jana risasi zake nne zilitoboa karatasi ya jirani, jirani akapata alama za ajabu, lakini msimamizi alikuwa rafiki yake wa kuvua samaki. Katika ukoo mzima wa Bracey na Gaskin, mtu mmoja tu ndiye aliyewahi kumpiga binadamu risasi. Wendell alijipiga mguuni mwaka tisini na sita akishuka garini, ndiyo maana alichechemea. Huyo ndiye ambaye nchi ilimwona anafaa kubeba bastola toka bahari hadi bahari.

"Geuza gari," alisema Wendell.

"Nigeuze wapi? Kuna chuma katikati."

"Itupe mtoni."

"Ina namba, na namba ina jina langu. Unataka mtoto wa mtu aiokote kesho?"

"Basi vuka tu, shemeji. Nani atakuuliza? Junius anasubiri."

Lingetoka jina hilo kwenye mdomo wa mtu mwingine, lingepita. Ozella aliushika usukani kwa mikono yote miwili.

"Usimtaje."

"Shemeji, miaka thelathini na mitano..."

"Nimesema usimtaje, Wendell. Umepanda gari hili kwa sababu Shangazi aliniomba. Ukifika makaburini utasimama getini. Hukaribii jeneza, hushiki mpini. Kaka yangu aliniambia hayo kwa mdomo wake kitandani hospitali, na mimi nikamwahidi nimemshika mkono."

Ahadi hiyo ilikuwa na historia, na Ozella hakuhitaji ramani kuikumbuka. Mwaka themanini na tisa Junius alikuwa fundi wa injini za reli kule Georgia. Alikuja kumtembelea mama yao Harlan Mills siku yake ya kuzaliwa. Alikuwa na bastola, halali kwa jimbo lake, na kwa sababu alikuwa mtu wa kusoma maandishi madogo, aliiweka kwenye buti la gari, ndani ya kisanduku kilichofungwa kwa ufunguo, risasi mbali. Ndivyo sheria ya msafiri ilivyosema. Polisi mmoja alimsimamisha kwa taa ya nyuma iliyokufa. Wa pili akaja kumsaidia mwenzake, na huyo wa pili alikuwa Wendell. Mahakamani, chini ya kiapo, wote wawili walisema bastola ilikuwa kiunoni, ina risasi. Mwezi uliofuata Wendell aliongezewa utepe begani akawa sajini. Junius alipewa miaka mitatu, akakaa miwili, akatoka bila kazi ya reli, bila mchumba, na kwa maisha yake yote yaliyobaki akafagia ghala la watu.

Mbele, foleni ilisogea. Magari matano, sita, ya njia ya pembeni yaliuvuka mstari mweupe bila wasiwasi wowote. Ozella hakusogea.

"Nenda," alisema Wendell.

"Siendi. Shangazi, nipe huo mkoba. Nitashuka, nitarudi kwa miguu mpaka upande wetu. Wendell ataendesha."

"Utakosa mazishi ya kaka yako!"

"Bora nikose moja. Nikivuka nitakosa yote yatakayofuata miaka mitatu na nusu, na wewe una miaka themanini na sita."

"Mimi sijasema naondoka," alisema Shangazi Tempie.

Honi zilianza nyuma. Ozella aliweka gia huru, akafungua mkanda, akageuka kunyoosha mkono kwenye kiti cha nyuma. Hapo ndipo fundi bomba mmoja kwenye gari la mizigo, aliyekuwa anakunywa kahawa na kupiga honi kwa mkono mmoja, alipoiona nafasi imefunguka mbele akaamini kwamba kila mtu ameiona. Akaondoka. Akawagonga.

Haukuwa mgongano mkubwa. Kofia ya Shangazi ilianguka, pai moja ikapasuka. Gari lilijisukuma lenyewe, pole pole, kwa adabu, likauvuka mstari mweupe na kusimama nusu kwa nusu.

"Yesu," alisema Ozella, na hakuwa analitaja bure.

Kila upande wa daraja ulikuwa na askari wake kwa ajili ya magodoro, na wote wawili walikuja. Wa New Jersey aliitwa Petrosky, kijana, viatu vinang'aa, kalamu tatu kifuani. Wa Pennsylvania aliitwa Haas, mnene, na mkononi alikuwa na nusu ya mkate wa nyama uliofungwa karatasi.

"Kuna aliyeumia?" aliuliza Haas.

"Pai yangu," alisema Shangazi Tempie.

"Pole sana, mama. Ya viazi vitamu? Pole sana." Haas aliangalia gurudumu la mbele, akaangalia la nyuma, uso wake ukachangamka. "Mdogo wangu, gari liko kwako. Fomu ni zako."

"Limegongwa kwa nyuma," alisema Petrosky. "Nyuma iko kwako."

"Dereva yuko kwako."

"Tatizo liko kwako."

"Mdogo wangu, mimi nimekula nusu mkate tangu alfajiri."

Petrosky hakuwa mtu wa kushindwa kwa mkate. Alitoa futi ya chuma ya kujivuta, akapiga goti kwenye lami, akapima toka mstarini hadi bampa ya mbele, kisha hadi mlango wa nyuma, akaandika. Magari mia tatu yalipiga honi kwa ajili ya elimu yake. Akasimama, akatangaza kwamba viti vya mbele viko New Jersey na kiti cha nyuma kiko Pennsylvania, na kwa hiyo dereva ni wake.

"Leseni na bima, mama."

Leseni na bima vilikuwa kwenye mkoba. Mkoba ulikuwa kwenye kiti cha nyuma, Pennsylvania, mikononi mwa Shangazi Tempie, ambaye aliuinua sasa kumpitishia mpwa wake kwa moyo mwema.

"Usilete!" alipiga kelele Ozella.

Petrosky akasita. Haas akaacha kutafuna.

"Shangazi, usiulete. Kaa nao huko huko. Afande, njoo kwenye dirisha la nyuma, nakuomba. Leseni yangu iko huko, ichukulie huko."

"Kwa nini, mama?"

Mikono ya Ozella ilikuwa juu ya usukani, vidole vimekunjuliwa, vinaonekana vyote kumi. Ndivyo alivyofundishwa kwenye mafunzo, jioni sita mfululizo kwenye ukumbi wa kanisa: ukisimamishwa, weka mikono wazi, mwambie askari mara moja kwamba una kibali na una silaha, usimwache agundue mwenyewe. Mwalimu aliirudia mara kumi, kwa sababu alijua anazungumza na watu gani na nini huwapata watu hao askari wakigundua wenyewe. Ukweli upesi ndio uliokuwa kinga yao. Kwa hiyo kinywa cha Ozella kilikuwa tayari kimefunguka kusema ukweli, na ukweli ule, kwenye kiti kile cha mbele, ulikuwa na thamani ya miaka mitatu na nusu. Kwenye kiti cha nyuma ulikuwa haupunguzi wala hauongezi kitu. Tofauti ya hatua moja.

"Afande," alianza, "napenda kukujulisha kwamba ndani ya..."

"Ndani ya mkoba huo mna silaha yangu," alisema Wendell.

Alikuwa ameshatoa kadi, ameishika kwa vidole viwili juu ya dashibodi. Hakuharakisha.

"Gaskin. Sajini mstaafu, Harlan Mills, miaka ishirini na sita. Nina silaha mbili. Ya kwanza iko nyonga ya kulia. Ya pili, mnamo saa tatu na dakika arobaini asubuhi ya leo, kabla ya kuondoka nyumbani, niliihifadhi kwenye mkoba wa shemeji yangu aliyeketi nami, kwa kuwa mkanda wa kiti ulikuwa unanibana upande wa kushoto. Shemeji hajaigusa tangu wakati huo. Iko katika uangalizi wangu muda wote."

Uti wa mgongo wa Petrosky ulinyooka kama aliyesikia wimbo wa taifa.

"Ndiyo, mzee. Nashukuru kwa kunijulisha, mzee."

Aliichukua kadi, hakuisoma kwa zaidi ya pumzi moja. Haas akafungua mlango wa nyuma, Shangazi akampa mkoba, na kutoka mle ikatoka bastola ndogo yenye mpini wa rangi ya waridi, ikiwa imekaa kwenye kiganja kipana cha Haas kama pipi.

"Hii ni yako, sajini?" aliuliza Haas.

"Ilikuwa ya marehemu mke wangu," alisema Wendell, sauti ikashuka kidogo, penye kushuka. "Huibeba siku za mazishi."

Petrosky aliinamisha kichwa. Haas alimtazama Wendell kwa muda, akamtazama Ozella, ambaye mikono yake haikuwa imebanduka usukanini. Alikuwa na miaka mingi barabarani, na mkate wake ulikuwa unapoa. Akampokeza Wendell bastola kupitia dirishani. Leseni ikasomwa, fundi bomba akaandikiwa karatasi yake, na Petrosky mwenyewe akasimamisha foleni ya pili ili sajini apite.

"Mungu amlaze pema mkeo, mzee," alisema.

Wakapita. Magodoro yalikuwa yamepangwa kando ya barabara, meupe, kama hospitali iliyokosa paa. Kisha Wendell alijinyoosha, mkono juu ya mfuko wa koti uliokuwa umetuna.

"Basi, shemeji. Nadhani sasa naweza kushika mpini wa jeneza."

Ozella alikuwa anasikiliza bado. Mnamo saa tatu na dakika arobaini. Niliihifadhi. Aliyeketi nami. Sauti hiyo alishawahi kuisikia, akiwa na miaka ishirini na sita, kwenye benchi la tatu la mahakama, mama yao akimbana mkono. Mnamo saa mbili na dakika kumi usiku nilimwona mtuhumiwa. Niligundua kiunoni mwake. Maneno yale yale yaliyopigwa pasi, dakika zile zile zilizohesabiwa, na sauti ile ile iliyojua mahali pa kushuka. Miaka yote hiyo alikuwa amejipa moyo, kwa ajili ya dada yake, kwamba huenda Wendell alidanganywa na mwenzake, huenda alichanganyikiwa, huenda kiapo kilimkaba koo. Sasa alikuwa ameona. Hakikumkaba. Ilimchukua muda mfupi kuliko kufungua pai.

"Ulidanganya vizuri," alisema.

"Nimekuokoa."

"Ndiyo. Ulidanganya ukaniokoa. Ulidanganya ukamfunga. Kinywa kimoja, Wendell, hata pumzi hukubadilisha. Mimi nilidhani uongo ule ulikupa tabu."

"Yalikuwa mambo ya kazi. Ningesema tofauti na mwenzangu ningeishia wapi? Cordelia alikuwa na mimba."

"Utasema leo."

"Niseme nini?"

"Bastola ilikuwa wapi. Mbele ya jeneza, mbele ya watu wa Harlan Mills wote waliomwita jambazi. Neno moja tu."

Wendell alicheka, lakini mabega hayakupanda. "Nikisema hivyo wananinyang'anya kadi. Labda na pensheni. Na usisahau, shemeji, kidude chako kiko mfukoni mwangu. Neno moja langu kwa yule kijana wa kalamu tatu..."

"Utamwambia ulimdanganya askari kazini leo asubuhi? Haya, nigeuze gari. Huku kuna njia ya kugeuzia."

Alipunguza mwendo kweli. Wendell akaangalia njia ile ya kugeuzia mpaka ikapita.

"Na mimi," alisema Shangazi Tempie kutoka nyuma, akilamba kidole, "nina miaka themanini na sita na masikio yangu hayajastaafu. Cordelia hajawahi kuwa na bastola. Alikuwa anaogopa hata blenda."

Makaburini watu walikuwa wengi kuliko Ozella alivyotarajia: wafagiaji wa ghalani, wanakwaya, wazee waliosoma na Junius, wawili watatu waliokuwa mahakamani mwaka ule. Mpini wa sita wa jeneza ulikuwa hauna mtu. Mpwa mmoja aliyetoka Georgia alikuwa amekwama kwenye foleni ya magodoro. Mchungaji aliangaza macho akitafuta mwanamume, macho yakatua kwa Wendell, na Wendell akachechemea mbele.

Ozella akasimama katikati ya njia yake. Mchungaji akafikiri ni huzuni. Watu wakasubiri, wakaanza kutazamana, na wale wawili watatu wa mwaka themanini na tisa wakaacha kabisa kutazama jeneza.

Wendell alivua kofia. Jasho lilikuwa limemtoka mchana ule wa baridi.

"Mnamo saa mbili na dakika kumi usiku," alianza, kwa ile sauti. Ikakatika. Alipoanza tena hakukuwa na pasi kwenye maneno, yalikuwa na mikunjo, na watu wa nyuma walilazimika kusogea ili wasikie. "Ilikuwa kwenye buti. Kwenye kisanduku. Kisanduku kilikuwa kimefungwa, ufunguo alikuwa nao yeye, akanipa yeye mwenyewe, akasema, shemeji, fungua uone. Mimi ndiye niliyefungua. Nikaona. Nikaenda kusema kiunoni."

Mwanakwaya mmoja alisema "Ee Bwana" na hakuna aliyemfuatisha.

Wendell alinyoosha mkono kuelekea kwenye mpini. Ozella hakuondoka njiani.

"Nimesema," alinong'ona Wendell. "Nimesema yote, mbele ya watu."

"Umesema. Nilikuomba ukweli, shemeji, sikukuuzia mpini. Huo si wangu kuutoa. Mwenyewe alikataa."

Akageuka, akauinamia mpini wa sita, akaushika yeye, na viatu vyake vya kisigino, na mkono ule uliowahi kuvunjwa. Jeneza likainuka likiwa limeegemea kidogo upande wake. Wendell alifuata nyuma, kofia mkononi, na mfuko wa koti lake ulivutwa chini na bastola ya waridi kiasi kwamba alitembea amepinda, kila mtu akiona.

Jioni walirudi kwa daraja lile lile. Foleni haikuwepo. Hakuna aliyeonyesha kadi, wala kuomba leseni, wala kutoa futi. Mstari mweupe ulipita chini ya magurudumu kama ufa wa kawaida wa barabara. Wendell alisubiri mpaka kibao cha shaba kikawa nyuma kabisa, ndipo akatoa ile bastola na kuipitisha nyuma bila kugeuza kichwa. Shangazi Tempie akaipokea, akaiweka chini ya Biblia yake, juu ya sahani tupu ya pai.

Kwenye kibanda cha ushuru Ozella alilipa. Alipofunga dirisha, shangazi yake alikohoa.

"Dess. Siku yangu ikifika, mtanizika upande gani?"

"Kando ya kaburi la bibi, Shangazi, si ndivyo ulivyotaka? Harlan Mills."

"Nimebadilisha. Mnizike huku. Sitaki watu waje kunilia mikono mitupu."